"Mtasoma Wenyewe": Maneno kwa Walimu Wanaoanza Kazi

Mheshimiwa Mkuu wa Chuo, wakufunzi, na ninyi wanangu mnaoondoka wiki ijayo kwenda kuripoti vituoni. Shikamooni wakubwa. Wadogo, marahaba, hata kama bado hamjaniamkia.

Nimepewa nusu saa na mada ndefu kuliko nusu saa: elimu ya balehe na mahusiano shuleni, ilivyokuwa na ilivyo. Aliyeiandika mada hiyo ni msomi. Mimi ni mwalimu wa UPE, ule mpango wa elimu ya msingi kwa wote. Vijana hamlijui neno hilo, lakini wazee wa mstari wa mbele wanacheka kwa sababu wanakumbuka watu walivyolirefusha: Ualimu Pasipo Elimu. Nilimaliza darasa la saba mwaka 1975, mwaka uliofuata nikashika chaki, ualimu wenyewe nikiusomea kazini kwa barua na redio. Nimestaafu 2020. Katikati hapo nimefundisha Sayansi darasa la tano hadi la saba katika shule nne, na katika tatu kati ya hizo nilikuwa mwalimu wa malezi. Ukiwa mwanamke pekee kituoni, kazi hiyo haigombewi.

Hili kopo mnaloliona mezani ni la maziwa ya unga. Lina tundu la kisu kwenye mfuniko. Nitalifikia.

Naanza na somo nililofundishwa mimi. Ni mwaka 1974, darasa la sita, huko Masasi. Mwalimu wetu wa Sayansi, mwanamume mpole ajabu, aliingia na maua mawili ya boga. Hili ni dume, hili ni jike, tazameni hapa chini lina kijiboga. Akachukua chavua kwa ncha ya kidole, akaipaka kwenye ua jike, akatueleza nyuki anavyoifanya kazi ileile bila mshahara. Lilikuwa somo zuri, na mpaka leo nikipita penye mboga namkumbuka. Zilipobaki dakika tatu akafungua ukurasa unaofuata, ule wenye mchoro wa mtu. Akautazama, akafunga kitabu. "Huu mtasoma wenyewe."

Darasa zima tulikuwa na vitabu vitano. Kesho yake, katika vitabu vitatu, ukurasa ule haukuwamo tena.

Msidhani nilikuwa sijui lolote. Likizo ya mwaka uliotangulia nilikuwa nimechezwa unyago. Yaliyosemwa ndani siyasemi, niliapa, na kungwi wangu ingawa amekufa namwogopa bado. Ila naweza kusema hivi: tulifundishwa usafi, tulifundishwa heshima, tulifundishwa vitambaa vya hedhi vifuliwe saa ngapi na vianikwe wapi, na sehemu kubwa ya yaliyobaki ilikuwa ni ya kuishi na mume. Nilikuwa na miaka 13. Nilitoka nje nikapakwa mafuta, nikavalishwa kanga mpya, nikaambiwa nimekua. Jumatatu nikarudi shuleni nikachapwa kwa kuchelewa namba, kama mtoto.

Ugomvi huo, kwamba nyumbani umeshakua na shuleni bado, ndio ninaotaka muushike. Na si wa jana. Hapo Masasi, miaka ya ishirini, Askofu Vincent Lucas wa misheni ya Waanglikana aliona kwamba watoto wa Kikristo wanakwenda jandoni kwa siri hata akikataza. Badala ya kulipiga vita, akalichukua jando lenyewe, akaliwekea padri na sala. Wenzake wengine wamisionari walimshangaa. Kwa wavulana likashika. Kwa wasichana halikukaa vizuri hivyo, na mimi sishangai: wanaume walikaa mezani wakapanga unyago uweje, wakati siri zake ziko kwa wanawake, na wanawake hawakuzitoa. Mara nyingi tangu hapo nimeona mitaala ikiandikwa hivyohivyo.

Nilipoanza kazi, watoto wa UPE waliandikishwa kuanzia miaka 7 hadi 13 kwa mkupuo. Hesabuni wenyewe. Walipofika darasa la saba, mwaka 1984, kulikuwa na wavulana wenye ndevu na wasichana ambao bibi zao walishapokea posa. Tuliwafundisha nini juu ya miili yao? Ua la boga. Nilikuwa na miaka 24, sijaolewa, nikafika kwenye ule ukurasa wenye mchoro wa mtu, na mdomo wangu, bila kuniuliza, ukasema, "Huu mtasoma wenyewe."

Elimu ya balehe tuliyokuwa nayo kwa vitendo ilikuwa ni upekuzi. Kila muhula muuguzi wa zahanati alikuja, wasichana wakapangwa mstari nyuma ya ofisi, akawaminya matumbo mmoja mmoja. Mimi nilishika daftari la majina. Aliyekutwa mjamzito alikwenda nyumbani siku hiyohiyo. Mvulana, au mwalimu, au mwenye duka, hakuna aliyeminywa popote. Nalisema hili wazi kwa sababu baadhi yenu mtakutana na mkuu wa shule atakayewaambia kwamba zamani kulikuwa na maadili.

Kisha ikaja ngoma. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini walitambuliwa Kagera mwaka 1983. Kule waliuita Juliana, jina la nguo za magendo zilizokuwa zikivuka kutoka Uganda, kwa kuwa waliozivaa na kuziuza ndio walioonekana kuugua mwanzoni. Huku kusini tuliusikia kama habari ya mbali, mpaka walimu wenzetu walipoanza kurudi kutoka likizo suruali zikiwapwaya. Vijana mtaani wakairefusha AIDS, jina la Kiingereza la UKIMWI, kwa maneno yao: Acha Iniue Dogodogo Siachi. Tulicheka, na huku tunachimba makaburi.

Lazima niseme ukweli kwamba UKIMWI ndio uliofungua ule ukurasa. Kilichoshindikana kwa aibu kiliwezekana kwa hofu. Ghafla wizara, makanisa, misikiti, wafadhili, wote walitaka mwalimu aseme. Nilipelekwa semina ya siku tano, nikarudi na posho, kalamu, na bango lenye fuvu la kichwa. Bango nikalibandika juu ya ubao. Mwaka 1996, darasa la sita, nikasimama chini ya fuvu lile nikawaeleza watoto kwamba UKIMWI ni ugonjwa unaoletwa na uzinzi. Mvulana mmoja, dawati la tatu upande wa dirishani, alifunga daftari, akaweka kalamu ndani, akatoka bila ruhusa.

Wiki mbili kabla tulimzika mama yake. Nilikuwapo. Nilikula ugali wa matanga nyumbani kwao.

Alirudi shuleni Jumatatu, hakuniambia neno. Lakini nilipoinua boksi la chaki nikakuta kipande cha karatasi ya mraba: "Mwalimu mama yangu hakuwa mzinzi." Mchana ule nililitoa bango ukutani. Jioni nikachukua kopo la maziwa lililokuwa la kuwekea chumvi, nikalitoboa kwa kisu, nikaliweka juu ya kabati darasani. Nikawaambia: andikeni chochote, msiandike jina, Ijumaa nitajibu. Ndilo hili.

Kwa miaka 24 nilivitunza vile vikaratasi. Nitawasomea vichache. Maandishi mengine mabaya, mnivumilie.

"Mbu akimuuma mgonjwa kisha akaniuma mimi?" Hiki ni cha 1997, na viko kumi na tisa vya namna hii. "Mwalimu ziwa langu moja limevimba na mimi ni mwanaume nimerogwa?" Hiki niliwahi kukipata karibu kila mwaka. Uvimbe huo huwapata wavulana wengi wakati wa kubalehe na huisha wenyewe. Ingetosha mtu mzima mmoja kumwambia hivyo kabla hajaenda kwa mganga. "Nimeimba kwaya tangu nikiwa mdogo sasa sauti imekuwa kama chura itarudi?" "Ni kweli nikitia chumvi kwenye mboga nikiwa kwenye siku zangu baba ataugua?" Hicho cha mwisho nimekipata mwaka 1998, na nikakipata tena mwaka 2016, nadhani kutoka kwa binti wa aliyekiandika mara ya kwanza.

Hilo la chumvi nililijibu vibaya kwa namna yangu. Nilisimama nikasema, "Mimi jana nilitia chumvi, na mume wangu mmempita asubuhi pale anapima korosho." Siku ya pili wazazi watatu walikuja ofisini. "Mwalimu, tunakuheshimu, lakini siku zako utazitangaza darasani?" Nikaomba radhi kwa kuzitangaza. Juu ya chumvi sikuomba.

Sasa, wakati mimi nahangaika na kopo, kule Mwanza kulikuwa na kazi kubwa ya kitaalamu. Mradi wa MEMA kwa Vijana, mwishoni mwa miaka ya tisini, ulichukua jamii 20: kumi zikapewa mafunzo shuleni, maigizo, waelimishaji rika, na zahanati zenye wahudumu waliofundwa kupokea vijana, kumi nyingine zikawa za kulinganishia. Walifanya kwa uangalifu, wakapima damu, na miaka baadaye wakarudi kupima tena. Watoto waliofundishwa walijua zaidi, kwa mbali. Maambukizi ya VVU hayakuonyesha tofauti ya maana.

Nilipoelezwa matokeo hayo mara ya kwanza nilikasirika. Nikaona kama kazi yetu wote imetupwa jalalani. Nimeyatafakari sana tangu nistaafu, na sasa naona yanasema jambo la kawaida kabisa. Tulimjaza mtoto maarifa kana kwamba yeye ndiye mwenye uamuzi. Msichana wa darasa la sita anajua virusi vinaambukizwaje, anajua kusema hapana, amefanya igizo la kusema hapana mbele ya mgeni rasmi akapigiwa makofi. Kisha anatembea kilomita saba kurudi nyumbani, na mwenye baiskeli, mwenye duka, mwenye pikipiki, hakuwapo kwenye igizo.

Ndiyo maana niliipenda ile kampeni ya redio ya Fataki, karibu na mwaka 2008. Kwa mara ya kwanza kidole kilimwelekea baba mzima mwenye kitambi anayewarubuni wasichana. Neno likaingia mitaani, ilitosha mtu kupaza sauti "Fataki huyo!" stendi nzima ikageuka, na mzee anakunja kanzu anaondoka. Hakuna somo langu lililowahi kufanya kazi haraka hivyo.

Na hiki hapa ni cha 2014: "Kijana wa bodaboda amenipa lifti mara tatu hajataka hela. Je anadai?"

Nawaomba mkitazame vizuri kikaratasi hiki. Mtaala wa Sayansi wa wakati huo ulikuwa na mfumo wa uzazi, ulikuwa na magonjwa ya ngono, ulikuwa na stadi za maisha. Huyu mtoto hakuuliza hata kimoja cha hivyo. Aliuliza swali la deni. Kwao mtu akikupa kitu huwa kimehesabiwa, na yeye amefika mara ya tatu anahisi hesabu inapanda. Hilo ndilo somo la mahusiano, na lilihitaji mwalimu wa kukaa naye chini na kusema: hudaiwi, mwanangu, zawadi inayodaiwa si zawadi, na kesho tutatafuta wenzako watatu mtembee pamoja. Ijumaa ile sikujibu kingine. Tulizungumza deni kipindi kizima, na wavulana ndio waliosema zaidi, kwa sababu nao, kumbe, walikuwa wameshafundishwa mtaani jinsi ya kudai.

Sheria nazo zilibadilika, wakati mwingine kwa kuvutana. Mwaka 2016 Sheria ya Elimu ilirekebishwa: kumpa mimba mwanafunzi au kumwoa ni kifungo cha miaka 30. Mwaka huohuo Mahakama Kuu, katika kesi aliyoifungua Rebeca Gyumi, ikasema vifungu vya Sheria ya Ndoa ya 1971 vinavyoruhusu binti wa miaka 15 kuolewa ni kinyume cha Katiba, na Mahakama ya Rufani ikalithibitisha hilo Oktoba 2019. Kwa hiyo kwa muda mrefu nilisimama darasani kumwambia msichana "wewe ni mtoto", na kitabu kingine cha serikali, kwenye kabati lingine, kikimwambia baba yake kwamba akiridhia inatosha. Juni 2017 Rais Magufuli akatamka, akiwa mkoani Pwani, kwamba aliyezaa hatarudi shuleni. Novemba 2021 Waziri Ndalichako akatangaza kwamba watarudi. Nawajua wasichana ambao miaka hiyo minne ndiyo ilikuwa miaka yao. Ninyi mtawapokea wanaorudi. Msiwakalishe nyuma.

Pedi nitazipita haraka, maana mada hiyo sasa ina wasemaji wengi kuliko wakati wangu, na ninashukuru. Nakumbuka tu furaha ya bajeti ya 2018/19 kodi ya ongezeko la thamani ilipoondolewa kwenye taulo za kike, na mwaka mmoja baadaye ikarudishwa kwa maelezo kwamba bei dukani haikushuka. Kijijini kwetu hatukuona ilivyoondoka wala ilivyorudi. Tuliona msichana amefunga sweta kiunoni saa saba mchana, jua la Novemba, na tukajua. Shule yenye choo chenye mlango na ndoo ya maji imefundisha hedhi salama kuliko bango lolote. Mkifika kituoni, kabla ya kuuliza vitabu, nendeni mkatazame komeo la choo cha wasichana.

Niseme juu ya maneno, maana hapa naona walimu wapya hamtofautiani na yule mwalimu wangu wa maua. Tunafundisha shule ya msingi kwa Kiswahili, lugha inayomwezesha mwanamke wa Pwani kumtukana jirani yake kwa maandishi ya kanga bila kumtaja, na bado tukifika mwilini tunasema "sehemu za siri". Siri ya nani? Mwaka 2011 aliletwa kwangu mtoto wa darasa la tatu. Jambo baya lilikuwa limempata, na aliyemtenda alikuwa mtu wa nyumbani. Mama yake alilia, askari wa kike alikuwa mvumilivu, na mtoto alitaka kusema. Hakuwa na neno. Maneno aliyoyajua ni ya matusi, na kwa matusi alishawahi kuchapwa, na mojawapo nilimchapa mimi. Alikaa kimya hadi askari akafunga faili kwa siku hiyo. Tulirudi mara tatu.

Tangu siku hiyo nilifundisha uke na uume kama ninavyofundisha kiwiko na goti, kwa sauti ileile. Siku ya kwanza wanacheka. Siku ya pili wanacheka wachache. Siku ya tatu mmoja anakosea tahajia, unamsahihisha, mnaendelea. Nanyi mkianza mtaona ni ninyi mnaotokwa jasho, watoto wala.

Mnaniuliza juu ya simu, najua, nimeona mikono. Kweli simu imebadilisha mengi. Zamani mtoto alisubiri ukurasa uchanwe. Siku hizi ukurasa unamfuata kitandani, na anayemfundisha humo ni mfanyabiashara. Vikaratasi vyangu vya mwisho, 2018, 2019, vingi ni vya picha: "Nilimtumia sasa anasema nisipokuja ataisambaza." Nilimtafuta aliyekiandika wiki mbili bila kumwita, kwa kurudia tu kila paredi kwamba anayetishiwa hana kosa, na kwamba namba 116, ya msaada kwa watoto, hupigwa bure. Alikuja. Alikuwa mvulana. Sikutegemea, na nakiri kwamba miaka yote ile nilikuwa nikiwahesabu wavulana kama hatari, si kama watoto.

Kabla sijakaa, niwape alichoniambia kungwi mmoja. Mwaka 2009 nilimwalika bibi huyo shuleni, tukapanga chini ya mwembe, yeye aseme ya usafi, mimi niseme ya Sayansi. Mwalimu mkuu alikuwa na wasiwasi, akapita mara nne kama anatafuta kitu. Nilipomaliza kipindi changu bibi alinitazama kwa huruma.

"Mwanangu, mbona mnafundisha kama mnafukuzwa?"

"Bibi, nina dakika 40."

"Na ukimaliza?"

"Kuna Hisabati."

"Akiwa na swali usiku?"

Nikakosa jibu. Yeye mwali wake ni wake mpaka anamzika au anazikwa naye. Anaweza kugonga mlango wake miaka ishirini baadaye. Mengi aliyoyafundisha bibi yule siyakubali, chumvi ikiwemo, na kumwambia mtoto wa miaka 9 kwamba amekua ni kumkabidhi kwa mafataki. Lakini lile swali lake la usiku lilinikaa.

Sasa. Kwenye viti vyenu mmekuta vikaratasi. Andikeni swali moja ulilokuwa nalo ukiwa na miaka 13 na hakuna mtu mzima aliyekujibu. Usiandike jina. Wanaume pia, ninyi wa nyuma pale msijifanye hamjasikia. Wakufunzi pia. Mheshimiwa Mkuu wa Chuo, chako kiko chini ya chupa ya maji. Kopo linaanzia kushoto, na mpaka saa ya chai nitakuwa nimejibu matano.